Faili la Magomvi

Mzimu wa Charline ulikuwa haufanyi kazi alasiri.

Hilo ndilo lililomkera Wenceslas Sebahire tangu asubuhi, kuliko hata mzimu wenyewe. Mizimu alikuwa ameizoea. Miaka yote aliyokuwa mpelelezi wa polisi, kabla hajarudisha kitambulisho na kuanza kuwahangaikia watu binafsi, hakuna kesi ya Goma iliyokosa shahidi wa kuapa kwamba marehemu ameonekana sokoni akinunua majani ya sombe. Lakini mzimu wenye saa za kazi, unaoanza saa saba za usiku, ukachapa kazi mpaka karibu na saa sita za mchana, kisha ukanyamaza kama karani aliyekwenda kula, huo hakuwahi kuusikia.

Alikuwa ameketi mbele ya kompyuta katika ofisi moja ya mtaa wa Himbi, jengo la mawe meusi ya volkano lililopakwa chokaa kwenye maungio. Ilikuwa ofisi ya shirika lililoitwa Rudi, linalotafuta familia za watoto waliopotezana na wazazi wao vitani. Maajenti wa Rudi walizunguka vijijini na simu, wakaandika jina la mtoto, picha yake na kwao ni wapi. Simu ikifika penye mtandao ilituma ilichonacho na kupokea walichoandika wenzake, mpaka simu zote zikawa na habari moja.

Charline Umugwaneza alikuwa mmoja wa maajenti hao. Siku chache kabla ya Kwaresima, basi dogo alilopanda kwenda Rutshuru lilichomwa moto mbele kidogo ya Kalengera, na watu ambao hadi leo kila upande unasema ni wa upande mwingine. Charline alizikwa Goma, katika sanduku lililopigiliwa misumari. Na tangu Pasaka ipite, jina lake lilikuwa likiendelea kuandika watoto.

Mama yake ndiye aliyemleta Sebahire hapa. Alikuja kwake jana, mwanamke mrefu wa Rutshuru, kitenge cheusi, macho makavu. Jina lake la kuzaliwa lilikuwa Mukamugema, lakini hakuna aliyemwita hivyo tangu ajifungue. Alikuwa Mama Charline. Ukoo ulikuwa umeamua: kesho wanaanua matanga, misa ikisha watu wale, nguo nyeusi zivuliwe, mambo yaishe.

"Papa Sebahire," alimwambia, "kama mutoto wangu iko muzima, na miye naondoa matanga, njo kusema namuzika kwa mikono yangu. Uniambie tu kitu kimoja mbele ya kesho. Iko, ao haiko?"

Sebahire hakupenda kuahidi. Aliahidi.

Sasa Guylain, kijana aliyetengeneza programu ya Rudi, alikuwa amesimama nyuma yake akimwonyesha kwa kalamu mistari ya kompyuta. Kijana mwembamba, mwenye macho ya mtu asiyelala vizuri. Ofisini walikuwa wawili tu. Wengine walikuwa wameomba ruhusa tangu jina la marehemu lianze kuandika. Kiti cha Charline kilikuwa pale kwenye kona, sweta yake ingali imening'inia kwenye mgongo wa kiti, na Sebahire alipotaka kukivuta asubuhi ile, Guylain alimletea kingine haraka sana.

"Angalia, Inspecteur. Hii, 03:12. Hii ingine, 04:40. Benzangu banasema anaandika usiku juu wafu habalalake."

"Na weye unasema nini?"

"Miye nasema ni bug, kosa ya programu." Guylain alivuta pumzi kama mwanafunzi anayejua swali hili litakuja. "Kuko maktaba ya fichier ndani ya programu. Fichier zenyewe njo zinalinganisha simu zote. Hii, nimeiita foleni: yale simu imeandika kama réseau, mutandao, haiko, yanangojea mule. Hii ingine, nimeiita makaburi."

"Makaburi?"

"Ukifuta mutu kwa ordinateur ya hapa, haitoshe. Simu ingine kule ingali naye. Ikifika, itasema, muliniacha na huyu, chukueni. Itamurudisha. Sasa tunaacha kaburi: alama tu ya kusema, huyu alifutwa, musimurudishe. Lakini makaburi yanajaa, yanalemea simu, nikaambia maktaba iyafute kisha mwezi mumoja. Simu yenye kulala zaidi ya mwezi ikiamka, inakuta kaburi haiko tena. Inarudisha wafu. Njo ile tu. Ni kazi ya zamani ya Charline inarudi."

Yalikuwa maelezo mazuri. Sebahire aliyapenda kwa jinsi yalivyokaa sawa, na ndiyo maana hakuyaamini moja kwa moja. Alitazama dirisha la kompyuta. Faili zilikuwa tatu, zimepangana: foleni, makaburi, na chini yake magomvi.

"Na hii ya tatu?"

"Hiyo ni technique tu," Guylain alisema, akalifunga dirisha.

Wakati mwingine mtu akikufungia mlango, dawa ni kujifanya hukuuona. Sebahire akarudi kwenye watoto walioandikwa kwa jina la Charline, akawasoma mmoja mmoja, kama alivyokuwa akisoma maelezo ya mashahidi: polepole, akitafuta kisichotakiwa kuwepo. Watoto wengi walikuwa wa Vitshumbi, kule kwa wavuvi, mwisho wa barabara. Msichana aliyepotezana na shangazi yake. Ndugu wawili wasiojua jina la kijiji chao. Kisha mvulana mmoja wa kiasi cha miaka sita, Nshimiyimana, anayeogopa moshi. Chini ya picha iliandikwa: *alifika na mtumbwi Jumatatu ya Pasaka.*

"Guylain. Charline alizikwa lini?"

"Mbele ya Kwaresima, Inspecteur. Unajua."

"Na huyu mutoto alifika lini?"

Guylain akainama kusoma.

"Kazi gani ya zamani," Sebahire aliuliza taratibu, "inajua Pasaka yenye haijafika?"

Nje chukudu, ile baiskeli ya mbao ya mizigo, ilipita ikiteremka barabara ya mawe, imebeba magunia ya makaa, magurudumu yake ya mbao yakilia mpaka ukutani.

"Basi ni mwizi," Guylain akasema hatimaye. "Mutu aliokota simu."

"Mwizi wa kuandika yatima?" Sebahire alitingisha kichwa. "Juu ya nini hamupigi ile simu mumuulize?"

"Simu zetu hazina laini. Nilizifunga zifungue programu moja tu, juu bantu basizichezee. Tena jina ikishaingia haibadilike, mpaka nifungue miye hapa. Na barabara ya Vitshumbi imefungwa na vita, ni motari moja moja na pikipiki zao banapita. Nafikiri mutu anamupa motari simu, inafika Rutshuru, inapita karibu na antenne yetu, inajituma yenyewe, kisha inarudi."

"Na saa? Saa ya simu inawekwa na nani?"

"Batterie ikiisha kabisa, saa inapotea. Mutu anaiweka kwa mukono."

"Charline alikuwa anajua kuiweka?"

"Charline?" Kwa mara ya kwanza Guylain alitabasamu, na tabasamu likamfia mdomoni. "Charline alikuwa anajua kila kitu, Inspecteur."

Sebahire alitoka akiwa na mawazo mawili tu, na yote mawili yalimtisha kwa sababu ya mama yule. La kwanza, kuna mtu asiyejulikana mwenye simu ya marehemu. La pili, hakuna marehemu. Pikipiki ilimpeleka Ndosho, na njia nzima alijikuta akitamani lile la pili, jambo ambalo mpelelezi hapaswi kulifanya.

Kwa Mama Charline matayarisho yalikuwa yamepamba moto. Viti vya plastiki vilikuwa vimerundikwa kando ya nyumba ya mbao, wanawake wa ukoo wanachambua maharagwe chini ya turubai, na ardhi nyeusi ya lava iliyovunjikavunjika ilikuwa imefagiwa kana kwamba inafagilika. Mama Charline alimkaribisha ndani. Ukutani kulikuwa na picha ya binti yake, utepe mweusi kwenye pembe.

"Bananiharakisha," alisema bila hata salamu kukamilika. "Ndugu ya bwana yangu anasema nashikilia mutoto kama kamba. Wewe umepata nini?"

"Bado, mama. Kuko mutu anaandika, hiyo ni kweli. Si machine."

Alimwona akishika ukingo wa meza. Hakulia, hakupiga kelele. Alikaa tu, na uso wake ukawa mdogo ghafla.

"Basi yuko," akasema.

"Sikusema yuko."

"Papa Sebahire, ukiona moshi na unajua nani anapikaka mule nyumba, utauliza tena ni nani?"

Ili asimjibu, Sebahire alichukua kadi moja ya mwaliko kutoka kwenye rundo mezani. Ilikuwa kadi nzuri, ya msalaba wa dhahabu.

"Utakuja?" mama akauliza. "Misa ni saa tatu."

"Nitakuja," Sebahire alisema, macho kwenye kadi. Kadi ilisema *9h00*.

Akaitazama tena. Kisha akamtazama mama.

"Umesema saa ngapi?"

"Saa tatu. Si imeandikwa hapo?"

Imeandikwa tisa. Mdomo unasema tatu, karatasi inasema tisa, na hakuna mtu wa Goma anayekosea misa, kwa sababu kila mtu hufanya hesabu hiyo bila kujua kwamba anaifanya. Kifaransa kinahesabu kuanzia usiku wa manane, Kiswahili kinahesabu kuanzia jua linapochomoza. Ila simu. Simu haijui Kiswahili. Ukiishika simu iliyozimika, ikakuuliza saa ngapi, na wewe ni mtu usiyeshika kadi za mwaliko wala saa ya mkononi, ni asubuhi, jua liko juu ya ziwa, utaiambia ukweli: ni saa tatu. Utaandika tatu. Nayo itakuamini, itahesabu kutoka tatu ya Kifaransa, yaani saa tisa za usiku, na kuanzia hapo kila unachokifanya mchana kweupe itasema umekifanya gizani.

Sebahire alikaa kwenye kiti cha plastiki. Mzimu ulioanza kazi usiku wa manane ulikuwa mtu aliyeamka asubuhi kama watu wengine. Ulionyamaza mchana ulikuwa mtu aliyeacha kazi jua linapozama kwa kukosa mwangaza. Hakukuwa na maajabu yoyote. Kulikuwa na mtu mwenye bidii, mchana, Vitshumbi. Alijisikia vizuri kwa muda mfupi sana.

"Mama," akasema, "Charline alikuwa anasoma saa namna gani?"

"Namna gani tena? Kama bantu bote."

"Kwa Kiswahili ao kwa Kifaransa?"

Mama Charline akacheka. Kicheko kilimtoka bila ruhusa, kikawafanya wanawake nje wanyamaze.

"Huyo? Alisomeaka kwa masista. Hata kwa soko anasema saa kwa Kifaransa, *neuf heures*, bamama banamuchekelea. Tulikuwa tunagombana. Nikimutuma saa ine, ananijibu, mama, saa ine ni usiku, nani anaendaka kusaga saa ine? Hawezi kusema saa tatu, yule. Hata ukimu..."

Akakoma.

Hakuwa mjinga, Mama Charline. Alilisikia jibu lake mwenyewe, akaliona linakokwenda, na Sebahire akaona likimfikia. Aliona aibu kama mtu aliyemtuma mama kuchimba shimo bila kumwambia ni la nini.

"Wewe unaona si yeye," mama akasema.

"Aliyeweka saa ya ile simu si yeye. Ile njo najua."

"Pengine ni mugonjwa. Pengine iko karibu ya ule mutu, analala tu, mwingine anamuandikia."

"Inawezekana."

"Inawezekana," akarudia. Akasimama, akafunga kitenge vizuri kiunoni. "Twende. Tuende pamoja. Miye sitangojea hapa na maharagwe."

Guylain alipoona nani ameingia na Sebahire, alisimama ghafla, kikombe chake kikapinduka na chai ikamwagika mezani. Hakuifuta. Mama Charline alimsalimia kwa jina, maana Guylain ndiye aliyekuja kwake ile siku ya habari mbaya, na mama alimlilia mikononi kana kwamba ni mwanawe. Kisha akatazama chumba, akaiona sweta. Akaenda kwenye ile kona, akaketi kwenye kiti kile ambacho hakuna aliyethubutu kukikalia, akaichukua sweta na kuiweka mapajani. Guylain akageuza uso.

Sebahire hakumpa nafasi.

"Mutu mwenye ile simu haijue Goma, haina laini, iko na programu yenu tu. Akitaka kutuambia kitu yeye mwenyewe, si ya watoto, ataandika wapi?"

"Sijue."

"Fikiri."

"Pengine... kila ajenti iko na ukurasa wake. Jina, picha, mahali anatumika."

"Fungua ya Charline."

Ukurasa ukafunguka. Charline akawatazama, anacheka, nywele zimesukwa. Chini ya picha palikuwa na neno moja la ofisi, *amekufa*. Pa maelezo palikuwa peupe.

"Hakuna kitu," Guylain akasema.

"Hapa kuko alama. Ni ya nini?"

"Tampon, muhuri ya ofisi. Machine inaipiga yenyewe kila asubuhi, kwa kila ajenti. Kusema hali yake njo hii."

"Sawa. Mutu iko Vitshumbi, anaandika kitu kwa ukurasa hii hii. Simu inangojea motari, inafika Rutshuru, inatuma. Hapa ofisi nayo iko inaandika kila asubuhi. Ukurasa moja, bantu babili. Maktaba yako inachagua nani?"

"Mwenye kuandika nyuma. Yenye mupya njo inashinda."

"Na mupya ni ya nani, siku zote?"

Guylain alilamba midomo. "Ya ofisi."

"Siku zote."

"Siku zote, Inspecteur."

"Na yule mwenye kushindwa, maneno yake yanaenda wapi?"

"Yanapotea."

Hilo alilijibu upesi mno. Maswali mengine yote alikuwa ameyapima kwanza.

"Asubuhi ulinionyesha foleni, ukanionyesha makaburi," Sebahire akasema. "Ya tatu ukaifunga mbele yangu. Kijana wa kupenda kazi yake hivi hawezi kuita fichier magomvi, kama mule hamuna magomvi. Ifungue."

"Inspecteur, ile ni..."

"Ngoja. Usiifungue kwanza. Nionyeshe tu ilifunguliwa lini mara ya mwisho."

Kompyuta ikajibu badala yake. Jumapili. Sebahire aliuliza nani ana ufunguo wa ofisi siku ya Jumapili, na hakuhitaji jibu. Guylain alikuwa ameketi, mikono juu ya magoti, kama mtu anayengoja zamu yake mahakamani.

"Ulisoma," Sebahire akasema.

"Nilisoma."

"Mara ngapi?"

"Kila mara zikifika."

Mama Charline alikuwa amesimama. Sweta ilikuwa mkononi.

"Guylain," akasema, taratibu mno. "Soma."

"Mama, bora Inspecteur..."

"Hapana. Wewe. Soma na sauti."

Guylain akafungua faili la magomvi. Maneno yaliyoshindwa yalikuwa yamepangana pale, ya kwanza juu, ya mwisho chini, na kando ya kila moja tarehe na saa za usiku zilizokuwa asubuhi.

"*Miye si Charline. Jina yangu Mapendo, nakausha samaki hapa Vitshumbi. Simu inakubali jina yake tu, munisamehe.*"

Akashuka chini.

"*Charline alishuka kwa gari Kalengera. Mama moja wa kule alimuambia watoto wamefika kwetu na njaa. Alipanda pikipiki kuja huku na simu tu, sacoche yake, mukoba wa begani, akaiacha kwa gari kwa mwanamuke wa kukaa pembeni yake, amuchungie mpaka Rutshuru.*"

Mama Charline aliweka mkono mdomoni. Lile basi. Hakuwa ndani ya lile basi.

"Endelea," Sebahire akasema, ingawa tayari alijua, kutokana na mabega ya kijana, kwamba kuendelea hakuna heri.

"*Vita ikafunga barabara nyuma yake, simu ikazimika. Alitumika na sisi mpaka kipindupindu ilifika kambini kwa wale watoto. Alinawisha watoto, kisha ikamushika yeye. Serum za kutia kwa mushipa zilikuwa zimeisha. Alikufa asubuhi, miye nilimushika mukono, hakuwa peke yake. Tulimuzika pembeni ya kanisa, tuliandika jina.*"

Guylain alisoma yaliyobaki haraka, kama mtu anayevuka maji ya baridi.

"*Alinionyesha kuandika watoto, akasema nisiache. Naendelea. Musifikiri naiba jina yake.* Na hii: *Muambie mama yake.* Na hii: *Muambie mama yake, tafazali.* Na ya mwisho, ya juzi: *Sijue kama munasoma. Mutu mumoja tu ajibu.*"

Mama Charline alikaa tena. Ndipo akalia, kwa mara ya kwanza tangu Kwaresima, na haikuwa sauti ambayo mtu angeweza kuisikiliza amesimama tu. Sebahire alitazama sakafu. Alikuwa amemtimizia ahadi. Angeitoa mikono yake yote miwili ili asiwe ameitimiza.

Ilipotulia kidogo, alimgeukia Guylain.

"Nani alienda kutambua maiti?"

"Miye. Ofisi ilinituma Rutshuru."

"Uliona nini?"

"Sacoche. Ilikuwa chumba kimoja, Inspecteur, na harufu... Nilisimama kwa mulango. Niliona mwanamuke, iko na sacoche ya Charline kwa kifua, imeungua nusu. Muganga akaniuliza, njo huyu? Nikasema ndiyo. Sikuingia. Hatua mbili tu, sikuweza. Nilifikiri, ni nani mwingine? Kisha Mapendo akaanza kuandika. Kila Jumapili nilikuwa nasema, leo nitaenda kwa mama. Nafika Ndosho, naona turubai, narudi. Ningemuambia nini? Kama nilimupa maiti ya..."

Hakumaliza. Hakukuwa na haja ya kumaliza, maana Mama Charline alikuwa ameinua kichwa.

Uso wake ulikuwa umelowa, lakini macho yalikuwa yamekaza, yanafuata kitu. Sebahire alikijua kile kitu. Alikuwa amekifikia dakika moja kabla yake na kukiogopa: lile kaburi la Goma, lililochimbwa kwa nyundo ndani ya lava, ambalo mwanamke huyu alikuwa akilipelekea maua kila Jumapili na kuzungumza nalo.

"Basi yule," mama akasema, "yule miye nilimuzika. Ni mutoto wa nani?"

Guylain aliigeukia kompyuta.

"Alichunga sacoche ya mutoto wangu," mama akasema. "Aliishika mpaka mwisho. Na mama yake iko fasi moja, anauliza kila gari yenye kutoka barabara. Anangojea. Kama miye nilikuwa nangojea." Alisimama, akaenda mpaka kwenye meza, akasimama nyuma ya bega la kijana. Sebahire alifikiri atampiga. Guylain naye alifikiri hivyo, na hakujikinga.

"Kesho bantu bakuje vile vile," akasema. "Misa haibadilike. Ni ya babili. Sasa fungua programu yako."

"Mama?"

"Si munatafutaka familia? Fungua ukurasa mupya. Itume kwa simu zote, na ya Mapendo pia, umuambie mama amesikia."

Guylain akafungua. Ukurasa ulikuwa mweupe, unauliza mambo yake ya kila siku. Alijifuta macho kwa mkono wa shati, akaandika alichokijua: mwanamke, kijana, barabara ya Kalengera, sacoche. Kisha akakwama.

"Inauliza jina, mama."

"Andika, mutoto wa mutu."

Akaandika. Kishale cha kompyuta kikashuka mstari mmoja, kikangoja kikimetameta.

"Na muzazi? Niache wazi?"

"Hapana." Mama Charline aliegemea meza kwa mikono yote miwili. "Hapo weka Mukamugema, wa Ndosho. Mpaka mwenyewe apatikane."